Tamthilia ikikosa watazamaji: ikatwe mapema au ivumiliwe?

Mwana Buruburu
Wadau, huu mchezo wa stesheni zetu mnaujua. Ijumaa mnaachwa binti amesimama mlangoni kwa babake akiwa na mimba, Jumatatu saa moja na nusu mnakaa mjue kama alifunguliwa, mnakutana na Wafilipino wakizabana makofi. Tamthilia imeondolewa. Hakuna tangazo wala kwaheri, na ukiuliza unaambiwa haikuwa na watazamaji.

Mimi nasema tamthilia ya hapa nyumbani ipewe angalau mwaka. Nitawapa mfano wa mbali. Tarehe 6 Julai 1992, BBC ya Uingereza ilianzisha tamthilia iitwayo Eldorado, kuhusu Waingereza na Wazungu wengine waliohamia Uhispania. Walijengewa kijiji kizima cha kuigizia karibu na mji wa Coín, mkoa wa Málaga. Walioibuni, Julia Smith na Tony Holland, ndio hao hao walioanzisha EastEnders mwaka wa 1985, kwa hiyo hakuna wa kusema hawakujua kazi. Ila iliharakishwa hewani. Waigizaji kadhaa walikuwa wageni wa kamera, nyumba zilikuwa za matofali kweli kweli sauti ikawa inarudi kwa mwangwi, na wahusika waliongea lugha zao bila maandishi ya tafsiri. Magazeti yaliichana vipande. Baadaye akaja prodyuza mwingine, Corinne Hollingworth, akapunguza wahusika, akanyoosha hadithi, na watazamaji wakaanza kurudi. Hapo ndipo mkuu mpya wa BBC1, Alan Yentob, alipoamua ifungwe.

Na hizi telenovela, tamthilia za nje tunazolinganisha nazo zetu? Zinafika Nairobi zikiwa zimekamilika, mwisho umeshapigwa picha, na kwao zimeshapendwa. Zilizoanguka huko hatukuletewa. Chujio lao liko Mexico na Manila, letu liko sebuleni mwetu, halafu tunashangaa kwamba vyao ni safi.

Baba Watatu, Umoja
Ndugu yangu, umeandika vizuri lakini bili umeiacha mezani. BBC inalipwa na kila nyumba yenye televisheni Uingereza, watu watazame wasitazame. Hapa kwetu stesheni inaishi kwa matangazo ya biashara. Kati ya taarifa ya saa moja na habari za Kiingereza za saa tatu ndipo pesa ilipo. Mwenye sabuni hanunui nafasi kwa huruma.

Halafu hata mfano wako unakupinga. Nimehesabu: Eldorado iliisha tarehe 9 Julai 1993, vipindi 156. Huo ni mwaka na siku tatu. Ilipewa muda unaotaka, na bado ilikufa.

Mama Shee
Nakubaliana na Baba Watatu. Tamthilia ya Maria ilipoingia stesheni ya Citizen mwaka wa 2019 haikuomba kuvumiliwa. Watu waliipenda upesi, ikaenda hadi 2021, ikafuatwa na Zora, kisha Sultana. Hadithi ya msichana wa mtaa wa mabanda aliyeingia nyumba ya matajiri, nani Nairobi haielewi? Kitu kikiwa kizuri hatuhitaji kubembelezwa. Tusilazimishane uzalendo kwa rimoti.

Mshika Maiki
Mimi ndiye yule kijana wa kushika maikrofoni juu ya vichwa vya waigizaji, kwa hiyo niwaambie mnayoyaona kutoka upande wa pili.

Nyumba tunakopigia picha ni ya kukodi, South C. Mama wa hadithi anamwambia mwanawe siri ya babake, machozi yameshakuja yenyewe, ndege inapaa Wilson. Kata. Tunasubiri. Tunaanza tena, jirani anawasha mashine ya kuchomelea geti. Kata. Tunamtuma mtu na mia mbili akamwombe apumzike dakika kumi. Kufikia mara ya nne machozi ya mama yamekauka, na mkurugenzi ana maonyesho mengine kibao ya kumaliza kabla jua halijazama, kwa sababu kipindi chenyewe kinahitajika hewani wiki ijayo. Anasema, "Twende hivyo hivyo." Jioni nasikia watu kwenye matatu wakisema yule mama hajui kuigiza. Anajua. Ni vile hamkuona ile ya kwanza.

Kwa hiyo Mwana Buruburu, muda pekee hautuokoi. Tukipewa mwaka kwa bajeti ile ile, mtasikia welding mwaka mzima. Afadhali tukae bila kwenda hewani mpaka tuwe na vipindi vya miezi miwili mitatu mkononi. Hapo hata tukikosea, kuna nafasi ya kurudia.

Dada wa Kayole
Na hao watazamaji wanahesabiwa wapi? Saa moja na nusu mimi niko Jogoo Road kwenye foleni. Tamthilia naiona kwa simu saa tano usiku, nikiwa na bando. Sijui kama nimo kwenye hesabu ya mtu yeyote.

Mwana Buruburu
Baba Watatu, mwaka na siku tatu ni kweli, lakini uamuzi wa kuifunga ulitoka Machi, miezi minane tu tangu ianze. Miezi iliyobaki ilitumika kufunga hadithi. Kipindi cha mwisho kiliandikwa kikijua ni cha mwisho: gari linalipuka, Marcus Tandy, yule mjanja wa kijiji, anaponea na kutoroka kwa mashua. Hata walioichukia walipewa mwisho. Hoja ya Mshika Maiki naichukua yote, vipindi viwekwe akiba kwanza. Lakini tukishindwa kukubaliana kuhusu muda, basi hilo moja: stesheni ikitaka kukata, ilipie wiki moja ya kumalizia.

Baba Watatu, Umoja
Wiki moja sawa. Ila hiyo iandikwe kwenye mkataba kabla kamera haijawashwa, si kuombwa baadaye. Na yule binti wa mlangoni, kuna anayejua alifunguliwa? Mke wangu ananiuliza kila siku.