MJADALA: Nonmalt wa Kinjo Tetsuo ni Okinawa, au tunajitungia?

Bahari_Shwari: Wakuu, jana nimerudia sehemu ya 42 ya Ultraseven (1968), ile tamthilia ya TV ya Japani ya shujaa anayepigana na majitu. Nonmalt wanaishi chini ya bahari, wanadai dunia ilikuwa yao kabla binadamu hatujawafukuza. Kamanda Kiriyama, mkuu wa kikosi cha kuilinda dunia, anauona mji wao, anasita kidogo tu, kisha anaulipua na kushangilia kwamba sasa hata bahari ni yetu. Mwandishi wake, Kinjo, amekulia Okinawa, visiwa vya kusini mwa Japani vilivyokuwa bado mikononi mwa Marekani. Mimi naona aliandika habari za kwao. Mnasemaje?

Mzee_wa_Kaseti: Unalazimisha. Jamaa alikuwa kazini, kila wiki jitu jipya lipigwe. Aliyeandika Ultraman nzima, tamthilia iliyotangulia Ultraseven, peke yake angepata wapi muda wa siasa? Na Tokyo ilipomshinda akarudi zake kisiwani.

Kijukuu: Peke yake wapi, mkuu? Sehemu 39 zile zina waandishi kadhaa. Ile ya Jamila, mwanaanga aliyetelekezwa, ni ya Sasaki Mamoru. Kinjo ndiye aliyewaongoza waandishi pale Tsuburaya, kampuni iliyozitengeneza.

Bi_Mkasi: "Tokyo ilipomshinda"? Kaka, hapo umenigusa pabaya. Baba yangu alirudi kijijini baada ya miaka 19 mjini, na kijiji kizima kikasema hivyo hivyo. Alishuka kwenye basi na cherehani yake kichwani, watu wanachungulia kama kuna mzigo mwingine. Vijana sita wamejifunza kushona kwa cherehani ile. Kinjo naye aliporudi 1969 alitangaza redioni, akaandika michezo ya jukwaani ya Okinawa. Huko ndiko kushindwa?

Mzee_wa_Kaseti: Dada, sikumlenga mzee wako, uniwie radhi. Ila Mighty Jack, kipindi chake kingine cha 1968, ilikosa watazamaji, hilo linajulikana.

Bi_Mkasi: Kipindi kukosa watazamaji ni jambo moja. Mtu kushindwa ni jingine.

Bahari_Shwari: Jamani, Nonmalt! Kabla ya Okinawa kurudishwa Japani 1972, Mwokinawa hakwenda Tokyo bila hati ya kusafiria. Unagongewa muhuri kuingia nchi unayoambiwa ni yako. Halafu mtu huyo anaandika kuhusu wenyeji wasiotambuliwa, mnaniambia ni bahati tu?

Kijukuu: Mimi bado namfikiria yule mtoto Shinichi, anayekimbia ufukweni akiwaomba waache kuwashambulia Nonmalt. Mwishoni tunaambiwa alikufa baharini miaka miwili nyuma. Aliyewatetea ni marehemu, walio hai hawakusikia. Nililia, na sina haja ya ramani ya Okinawa kulia.

Mzee_wa_Kaseti: Hapo tuko pamoja, Kijukuu. Lakini Kinjo alifariki Februari 1976, miaka 37. Angebaki Tokyo angetuandikia mangapi? Hoja yangu ni hiyo na siiondoi.

Bi_Mkasi: Angetuandikia sisi. Na yale aliyowaandikia watu wa kwao, huyahesabu?