Nataka kuishi kwa dokumentari za historia ya watu wetu Pemba, nianzie wapi?

Mtoto wa Mtambwe

Assalaam alaykum wana jukwaa. Mie ni mtoto wa kike, naishi Wete. Napiga video za harusi, na kazi zipo, hasa ukishaingia Mfunguo Mosi. Kamera ni yangu na kompyuta ya kuhariri ni yangu. Lakini roho yangu iko kwenye dokumentari za historia na jamii za visiwa hivi.

Filamu ninayoiwaza ni ya wavuvi wetu waliokwenda dago, yaani kambi za uvuvi za mbali na nyumbani, pwani ya Kenya wakabaki huko huko. Upande wa mama tuna jamaa Mayungu na Kichwa cha Kati. Watoto wao na wajukuu wao wamezaliwa kule, wakaishi miaka na miaka bila ya kitambulisho, mpaka 2023 Serikali ya Kenya ilipowatambua Wapemba kuwa ni moja katika makabila ya nchi ile. Huku kwetu habari hiyo ilizunguka kwenye simu siku chache, ikapotea. Na wazee wanaojua nani aliondoka na nani, kwa chombo cha nani, wanazidi kupungua.

Mama anataka niombe ajira ya ualimu kwa kuwa nina diploma. Naomba ushauri wa kweli: mtu wa Pemba anaweza kuishi kwa kazi hii? Niache harusi? Na mzee akikataa kamera nifanyeje?

Mkongwe wa Forodhani

Waalaykumu salaam mwanangu. Mie nilianzia kwenye televisheni, na sisi Wazanzibari tuliiona televisheni ya rangi mwanzoni mwa miaka ya 1970, wakati Bara walingoja mpaka 1994. Kwa hiyo usimkubali mtu atakayekwambia kazi ya picha ni ya wageni.

Harusi usiziache. Dokumentari ya historia hula miaka, na katika miaka hiyo hakuna anayekulipa mshahara. Wengi ninaowajua wanaishi kwa harusi, video za miradi ya afya na kilimo, na kuwapigia picha watu wa nje wanaokuja na filamu zao. Hiyo ya mwisho ifanye, utajifunza mengi, lakini soma mkataba. Uliza jina lako litaandikwa kama nani, na picha za wazee wako zitabaki mikononi mwa nani. Nimeona vijana wetu wakitajwa "msaidizi" katika kazi ambayo wao ndio walioitafuta, wao ndio waliotafsiri, wao ndio walioaminiwa na wenye nyumba.

Pesa ya kwanza usinunue kamera mpya. Nunua maiki nzuri ya kubana kifuani na hard disk mbili za kuhifadhia. Picha yenye giza kidogo watu huivumilia, lakini mzee asiyesikika kwa upepo wa kusi hana wa kumsikiliza. Kila ukirudi nyumbani toa nakala mbili, na moja ilale nyumba nyengine. Chumvi na unyevu wa visiwani havina huruma na vyombo.

Kibali cha kupiga filamu Zanzibar ni cha Baraza la Sanaa, Sensa ya Filamu na Utamaduni. Nenda mapema, na sheha wa kila shehia unayoingia mpe taarifa. Kenya wana utaratibu wao wa leseni, tafuta mwenzako wa kule akuongoze.

Karatasi za Kilimani

Dada, kabla ya kuvuka bahari njoo Nyaraka za Zanzibar, Kilimani. Watu wengi wa filamu huja kutafuta masultani na mabalozi tu. Kwako wewe, omba majalada ya mahkama za kadhi za Pemba wakati wa Waingereza. Mume akenda dago asirudi, asilete habari wala matumizi, mke alikuwa akienda kwa kadhi kudai haki yake, na wengine wakiomba faskhi, yaani kadhi aivunje ndoa. Katika majalada ya namna hiyo ndimo utakamosikia wanawake ambao vitabu vya historia havikuwauliza kitu.

Picha za zamani pia zipo. Capital Art Studio ya Mji Mkongwe inapiga picha tangu 1930. Ila picha kuiona si ruhusa ya kuitumia: zungumza na mwenyewe, muandikiane. Na filamu yako ikisha isajili COSOZA, ofisi ya hakimiliki ya Zanzibar.

Mpemba wa Shimoni

Ahsante sana kwa kutukumbuka, dadangu. Nami nna neno zito. Msije mkatutengeneza kuwa ni watu wa kuhurumiwa tu. Sisi tuna mitumbwi, tuna madrasa, tuna ufundi wa kuvua ambao wenyeji walijifunza kwetu. Kitambulisho ni sehemu ya habari, si habari yote.

La pili, kuna waliopata karatasi zamani kwa kujiandikisha jina la kabila jengine ili watoto wasome. Mtu anaweza kukueleza hayo kwa furaha ya kukutana na jamaa, kisha filamu ikamtia matatani. Hata akikuruhusu, rudi kwake umuonyeshe kipande chake kabla hakijatoka, na akisema kitoe, kitoe.

Tena hapa Shimoni walifika pia waliokimbia Pemba kwa machafuko ya kisiasa ya Januari 2001. Habari yao ina machungu yake. Usiichanganye na ya dago kwa sababu tu ni bahari ile ile.

Pwani Mchangani

Mie nakwambia kama kaka: chukua ualimu. Filamu utapiga likizo. Tamasha la filamu lipo kila mwaka pale Ngome Kongwe, nenda katazame, lakini mama yako hali tamasha.

Mkongwe wa Forodhani

Kijana, hujakosea kuhusu mkate, lakini ZIFF, hilo tamasha la Ngome Kongwe, si mahali pa kutazama tu. Tamasha lile limeanza miaka ya 1990, na kila mwaka huja watu wanaotafuta filamu kutoka huku. Docubox ya Nairobi inasaidia watengenezaji wa dokumentari wa Afrika Mashariki, na Amsterdam kuna mfuko wa IDFA Bertha. Wote hao watataka kuona dakika chache ulizokwisha kupiga, pamoja na maelezo yanayoonyesha kwa nini ni wewe na si mwengine. Kwa habari hii, kuwa ni mjukuu wa waliobaki ni hoja kubwa. Iandike wazi, usione haya.

Mtoto wa Mtambwe

Mmenifungua macho, hasa hayo majalada ya kadhi. Bibi yangu mkubwa aliachwa na mume aliyekwenda dago. Lakini ni huyo huyo aliyekataa kamera. Anasema uso wake hautaki kwenye simu za watu.

Bi Kirumbizi

Basi usimpige uso. Mwekee maiki, mwache azungumze huku anachambua karafuu, na wewe piga mikono, jamvi, ua, mlango. Akitaka hata sauti ibaki ya ukoo peke yake, ibaki. Mie nimerekodi nyimbo za ngoma ya msewe na za harusi kwa wazee wa Micheweni, na wengine walikubali picha baada ya miaka, wengine hawakukubali kabisa, na kazi ilikwenda.

Na hapa ndipo unapowashinda wanaume wote wa fani hii: wewe unaingia uwani. Filamu za wavuvi nimeziona nyingi, zote ni matanga na samaki. Waliobaki nyuma wakalea, wakachuma karafuu, wakaolewa tena au wakakataa kuolewa tena, sijawaona. Ningekuwa wewe, filamu ningeianzia Mtambwe, na Mayungu ningekwenda baadae nikiwa na maswali ya wanawake hao mkononi.

Mpemba wa Shimoni

Bi Kirumbizi kasema kweli. Na maswali hayo huku yana wa kuyajibu. Uje baada ya kusi, bahari ikitulia, tutakupokea. Uje na mtu wa nyumbani kwenu, wazee wa huku watataka kwanza kujua wewe ni mtoto wa nani.

Mtoto wa Mtambwe

InshaAllah nitakuja na mjomba. Ualimu nitaomba, nimemwambia mama leo. Maiki nimeshaiagiza Unguja. Karatasi za Kilimani, kwa hayo majalada nije na barua gani?

Karatasi za Kilimani

Njoo na kitambulisho na barua inayoeleza unachotafuta, utaelekezwa hapo hapo utaratibu wa kibali cha utafiti. Taja Wete na miaka unayoitaka, usiandike "historia ya Pemba" tu, utaletewa makaratasi ya karafuu mpaka uchoke.