"Forbearance" kwa Kiswahili mnaiitaje? Nimemtafsiria mama wa watu vibaya

katibu_wa_sokoni (Arua)

Wakuu habari za jioni. Nko na swali la Kiingereza lakini limeniletea shida ya Kiswahili na ya pesa pia, kwa hivyo msicheke kwanza.

Mimi ni katibu wa kikundi chetu cha akiba hapa sokoni, na kwa sababu nilifika S6, mwisho wa sekondari, watu wananiletea barua zao zote niwasomee, za shule, za ardhi, za hospitali, yaani nimegeuka posta. Sasa kuna mama mmoja anauza samaki wakavu, angara na mukene, alikuwa na mkopo kwa wakopeshaji fulani, siwataji. Lori lilinyeshewa njiani mzigo wote ukaoza, akakwama kulipa, akaenda akawalilia wamsogezee siku. Wakampa barua. Ndani imeandikwa ati "a forbearance period of three months". Hilo neno mimi nilikuwa nalisikia kanisani tu, ibada ya Kiingereza, nikajua ni uvumilivu, nikasema kumbe hawa watu wana roho nzuri. Nikamwambia mama, wamekuvumilia miezi mitatu. Akaniuliza, yaani wamenisamehe hiyo mitatu? Na mimi na mdomo wangu nikasema eeh, ni kama wamekusamehe.

Jana ameenda kuanza kulipa tena akakuta deni limepanda. Aliliacha kwa 2,400,000 sasa linasoma 2,546,899. Amekuja kwangu moja kwa moja, hata hajanisalimia, ameweka hiyo barua juu ya kaunta na bado inanuka samaki akasema "nisomee tena".

Nimesoma tena. Neno ni lile lile. Sasa nauliza, hili neno maana yake ni nini hasa? Ni uvumilivu ama ni msamaha ama ni mtego? Na kwa Kiswahili ningemwambia mama nini ili asidanganyike?

boda_Kasese

Pole katibu. Mimi nilidhani ni mambo ya dubu, si bear ni dubu? 😂

Nnyabo_wa_Jinja

@boda_Kasese wewe afadhali, mimi kwenye mtihani niliandika ni mababu, bajjajja kabisa, mwalimu akanipiga sifuri akazungushia kwa kalamu nyekundu

mwl_mstaafu

Nnyabo ulikosa kwa herufi moja tu, usijilaumu sana. Hayo ni maneno mawili. "Forebear" yenye ile e katikati ndiyo mhenga, babu wa mababu, na sauti unaiweka mwanzoni. "Forbear" isiyo na e ni kitendo, sauti inaenda mwisho, na ndiko linatoka hilo "forbearance" la katibu. Waingereza wenyewe wanachanganya maandishi yake kwa hivyo tusionane wajinga.

Sasa katibu. Neno limetoka kwa Kiingereza cha zamani sana, forberan, na ndani yake kuna "bear" ile ya kubeba, kuchukua mzigo. Si dubu kijana wa Kasese. Mkia wa -ance ndio wameuazima kwa Wafaransa. Maana yake ya kwanza ni kujizuia. Uko na haki ya kufanya jambo, uko na sababu, uko na nguvu, lakini unarudisha mkono. Hapo ndipo linatofautiana na patience. Patience hata mtu asiye na uwezo wowote anaweza kuwa nayo, mgonjwa kitandani ana patience, mtu kwenye foleni ya pasipoti ana patience (hana njia nyingine!). Lakini huwezi kusema mgonjwa ana forbearance kwa malaria yake. Forbearance ni ya aliyeshika fimbo.

Kwa hivyo kosa lako la kwanza halikuwa kubwa, ulisema wamemvumilia, na kweli ni wao wanaovumilia. Kosa ni lile la pili la kusamehe. Na ukitaka kujua kwamba hayo mawili si kitu kimoja fungua Biblia yako, Wakolosai 3:13, ile ya King James inasema "forbearing one another, and forgiving one another", vitu viwili, na Union Version yetu ya Kiswahili imeviweka viwili pia, "mkichukuliana, na kusameheana". Ona hapo, kuchukuliana! Wale waliotafsiri walishika kitu kilekile cha kubeba. Mimi miaka yote nafundisha sijapata neno linalokaribia hili kuliko kuchukuliana.

MzeeWaBombo

Salaam. Mwalimu nakubaliana na fimbo lakini kuchukuliana hapana. Kuchukuliana ni watu wawili, mimi nakuchukulia na wewe unanichukulia, majirani, mke na mume. Wewe ushaona mkopeshaji anachukuliana na mtu? Yeye anachukua tu. Mimi ningesema saburi ama subira. Na sisi Waislamu hiyo habari ya deni iko wazi kwa Qurani, Sura ya pili aya ya 280, mdaiwa akiwa na shida basi angojewe mpaka apate nafuu, na ukimwachia deni lote kama sadaka ni bora zaidi kwako. Hapo pia viko viwili, kungoja ni kimoja na kuacha ni kingine. Ila huko kungoja hakuongezi shilingi hata moja juu.

mwl_mstaafu

Mzee heshima yako. Kuhusu kuchukuliana umenishinda kidogo, nakubali ile -ana inaleta watu wawili. Lakini subira siikubali. Subira yavuta heri, sawa, huyo anayesubiri anasubiri kitu kizuri kije. Mkopeshaji hasubiri heri, anazuia mkono usipige.

MzeeWaBombo

Kwa hiyo riba ya miezi mitatu siyo heri kwake? 😄

mwl_mstaafu

Haya mzee.

karani_wa_mawakili (Kampala)

Nyinyi mmeingia kwa dini lakini barua ya mama ni ya sheria, wacha niseme kidogo, mimi si wakili ni karani tu ila nimechapa hizi barua mpaka vidole vinajua njia. Forbearance kwa mikataba ni mtu kukubali kutotumia haki yake kwa muda. Kwa mfano angeweza kuchukua kibanja chako uliyoweka rehani, ama kukushtaki, ama kumfuata mdhamini wako, anasema sitafanya hivyo mpaka tarehe fulani. Haki yake bado iko, imelala tu. Kuiacha kabisa kuna neno lake lingine, wanaita "waiver", na kusamehe deni lenyewe lina lingine tena. Katibu hebu tazama chini ya hiyo barua, karibu na sahihi, mara nyingi kunakuwa na mstari unasema hii forbearance isichukuliwe kuwa waiver. Watu hawausomi kwa sababu una herufi ndogo na umekaa mahali pa kuchosha.

Halafu kitu kingine ambacho watu hawajui, hiyo forbearance kwa sheria ina thamani, si hisani tu. Kuna kesi ya Uingereza ya 1875, Currie v Misa, waliposema kitu kinachotolewa kwenye mkataba kinaweza kuwa faida upande mmoja, ama forbearance, hasara au jukumu upande wa pili. Na Sheria yetu ya Mikataba ya 2010 hapa Uganda imechukua karibu maneno yaleyale. Maana yake mtu akikuambia sikushtaki mwezi huu, wewe nilipie kitu fulani, hapo mnaweza kuwa na mkataba kamili. Yeye ametoa kitu, ametoa kutofanya. Mimi nilivyosikia hiyo mara ya kwanza nilidhani wakili ananitania, unauzaje kutofanya?

boda_Kasese

Traffic wanauza kutofanya kila siku hapa barabarani 😂😂

karani_wa_mawakili (Kampala)

Hiyo ni kesi nyingine kaka usinitie ndani

mama_wa_nursery

Katibu usimwogopeshe huyo mama, mimi yamenikuta. Nko na shule ndogo ya watoto, nilikuwa nimekopa kujenga madarasa mawili, tukafungiwa Machi 2020 na corona na mnajua shule zetu zilikaa mpaka Januari 2022 ndio zikafunguliwa vizuri, karibu miaka miwili mtoto haingii darasani na mkopo unaingia tu. Mwezi wa nne 2020 Benki Kuu ikaruhusu mabenki yapange upya mikopo ya watu walioumizwa, na mimi nikapewa muda wa kutolipa. Sote tulikuwa tunaita loni holide. Mimi kwa akili yangu holide ni holide, mwalimu akienda likizo hafundishi, kwa hivyo na riba imeenda likizo. Wapi! Riba ilikuwa kazini kila siku, Jumapili na Krismasi. Nikarudi nikakuta mkopo umenona mimi nimekonda.

Ila niseme ukweli, bila hiyo wangeuza yale madarasa. Kwa hivyo siwezi kuliita mtego. Ni msaada unaolipiwa. Ningejua mapema ningekuwa napeleka riba peke yake kila mwezi hata kama deni lenyewe siligusi, kwa sababu nilikuwa nauza chapati na riba ningeiweza.

Nnyabo_wa_Jinja

Hii ya mama wa nursery ni sawa kabisa na ya binamu yangu yuko Marekani, alisoma huko kwa mkopo wa serikali yao. Anasema huko kuna njia mbili za kusimamisha kulipa, moja inaitwa deferment na nyingine ndiyo hii forbearance, na kwa mikopo ya aina fulani ukipata deferment serikali inabeba riba yako, lakini ukiingia forbearance riba inaendelea kukuandama. Yeye alichagua ya pili kwa sababu fomu yake ilikuwa fupi 🤦🏾‍♀️

katibu_wa_sokoni (Arua)

Asanteni wote jamani nimesoma yote. Karani, ule mstari UPO. Uko chini kabisa juu ya muhuri, muhuri wenyewe umefunika nusu. Nilikuwa naona wino wa zambarau tu.

Na nimepiga hesabu usiku. Riba yao ni asilimia 2 kwa mwezi kwa deni lililobaki. Mwezi wa kwanza 48,000, wakaijumlisha juu, deni likawa 2,448,000. Wa pili wakapiga asilimia 2 kwa hiyo mpya, 48,960, ikawa 2,496,960. Wa tatu 49,939. Inafika palepale 2,546,899. Kwa hivyo hawajamwibia kwa hesabu, nilitaka sana iwe wizi lakini hapana. Angekuwa anapeleka 48,000 kila mwezi kama anavyosema mama wa nursery deni lingekaa kwa 2,400,000 yake, na hiyo 48,000 mama alikuwa nayo, kwa sababu mwezi wa pili alinunua mabati. Alinunua kwa sababu mimi nilimwambia amesamehewa.

Sasa nirudie swali langu, nimwambieje kwa Kiswahili? Si saburi, si kuchukuliana, basi ni nini?

mwl_mstaafu

Mwandikie "muhula". Muhula wa kutodaiwa. Hilo halina moyo mzuri wala mbaya, ni muda tu, na mtu akisikia muhula anajua una mwisho. Ukija kuelezea tabia ya mtu, kwamba fulani alitukanwa akaweza kujibu akanyamaza, hapo sema ustahimilivu, nalo Warumi 2:4 Union Version wameliweka hivyohivyo, wakaandika ustahimili halafu uvumilivu ukafuata pembeni kama kitu kingine.

MzeeWaBombo

Muhula nimekubali. Ila "wa kutodaiwa" toa, maana kudaiwa anadaiwa, hakuna siku hakudaiwa. Sema muhula wa kutosumbuliwa. Hiyo hata mama wa soko ataelewa, hawatakuja kumsumbua lakini kitabu chao kiko wazi wanaandika.

karani_wa_mawakili (Kampala)

Mzee tunakuhitaji ofisini kwetu

Nnyabo_wa_Jinja

Swali la mwisho kwa mwalimu kabla hujalala, wakati uliopita wake ni nini, forbeared?

mwl_mstaafu

Forbore, halafu forborne, kama bore na borne. Wazungu wa mabenki Ulaya hata mikopo iliyosogezwa hivyo wanaiita "forborne". Ukisema forbeared nitarudisha ile sifuri.

katibu_wa_sokoni (Arua)

Nimetoka kwa mama saa hii. Nimemwambia, ule ulikuwa muhula wa kutosumbuliwa, si msamaha, na nikaomba radhi mbele ya wateja wake. Akanyamaza akafunga mukene za watu watatu bila kuniangalia. Halafu akasema "kwa hiyo walikuwa wananihesabia na mimi nimelala". Nikasema eeh mama. Akasema basi ile 146,899 tugawane, mimi niliyelala na wewe uliyenilaza.

Tumekubaliana nitatoa 70,000. Naanza Ijumaa. Nimemwomba anipe muhula mpaka hapo, akaniuliza wa riba ama wa bure.

boda_Kasese

😂😂😂 akajibu nini sasa

katibu_wa_sokoni (Arua)

Wa riba. Nambebea gunia kila asubuhi mpaka nimalize.