Mjadala: Mandhari kwenye sinema za Korea ni hadithi au ni pambo la kuuzia wageni?

MLETA MADA

Wadau, salaam. Kila sinema ya Korea ikitajwa, maoni ni yale yale: "picha kali, mandhari tamu, natamani nifike." Upande wa pili wapo wanaosema huo wote ni utalii uliovishwa kanzu ya sanaa: ukungu, hekalu, theluji, halafu majaji wa tamasha la Ulaya wanasimama kupiga makofi. Nimeleta mada tubishane kwa mifano.

Msimamo wangu ni kwamba pande zote mbili zimekosea mahali pamoja. Zote zinadhani tunachoonyeshwa ni asili isiyoguswa na mtu. Ardhi unayoiona pale imelimwa, imepiganiwa, imekatwa miti ikapandwa upya. Waongozaji wazuri wanalijua hilo, na wanaiweka mbele ya kamera kama shahidi anavyowekwa kizimbani.

Chukua ile inayotajwa kuliko zote, Spring, Summer, Fall, Winter... and Spring ya Kim Ki-duk (2003). Hekalu linaelea bwawani, milima imezunguka, mierebi imesimama ndani ya maji. Watu wanalitazama bwawa lile kama kazi ya Mungu peke yake. Linaitwa Jusanji, liko Cheongsong, na lilichimbwa mwanzoni mwa karne ya 18 ili kumwagilia mashamba. Hekalu nalo lilikuwa seti, yaani jengo la kuigizia tu. Walipomaliza kupiga picha waliliondoa.

Au milima yenyewe. Baada ya ukoloni wa Japani, vita vya 1950–53 na miaka mingi ya kukata kuni, vilima vya Korea Kusini vilibaki vipara. Mpango mkubwa wa kupanda miti ulianza 1973. Kwa hiyo ukiona sinema ya wafalme wa kale, wapanda farasi wanapita kwenye msitu mnene, ujue sehemu kubwa ya misitu ya nchi ile ina umri mdogo kuliko waongozaji wengi.

Sasa mfano wangu mkuu: Memories of Murder ya Bong Joon-ho (2003). Mwaka ni 1986, mpunga umeiva, jua kali, mtoto yumo shambani anashika wadudu. Mpelelezi anainama kando ya njia na kuchungulia kwenye mtaro uliofunikwa. Ndani kuna mwili wa mwanamke. Kamera haibadilishi rangi, muziki haukutishi, shamba linabaki zuri vile vile, na uzuri huo ndio unaoudhi. Kisa ni cha kweli: wanawake 10 waliuawa eneo la Hwaseong kati ya 1986 na 1991. Sinema ilipotoka muuaji alikuwa hajulikani. Mwaka 2019 vipimo vya DNA vilimtaja mtu ambaye tayari alikuwa gerezani kwa mauaji mengine. Anayesema shamba lile ni pambo aniambie ungeliondoa ubaki na sinema gani.

MDAU WA MOMBASA

Kaka, umechagua kesi rahisi. Kwa Bong hakuna atakayekubishia. Turudi kwa Kim. Wewe mwenyewe umetuambia bwawa lile ni la wakulima. Je, sinema imetuambia? Hesabu wanaolima kwenye sinema nzima: hakuna hata mmoja. Kuna mtawa mzee, kuna mtoto anayefunga mawe kwenye samaki na chura na nyoka, kuna msichana mgonjwa aliyeletwa kutibiwa, kuna polisi wawili. Baadaye mtawa mtu mzima, ambaye Kim amemcheza mwenyewe, anaburuta jiwe zito mpaka kileleni. Wakulima wamefutwa ili mimi na wewe tuone "hekima ya Mashariki". Ukimfuta aliyechimba bwawa, unachouza ni kadi ya posta. Hapo nasimama na wale wa kanzu ya sanaa.

MDAU WA MOROGORO

Kaka zangu, mnajadili picha kama vile hakuna watu wanaoishi mle. Naomba niulize la tatu: mwenye kijiji anapata nini?

Mwaka 2002 ilitoka The Way Home, ya mwongozaji mwanamke, Lee Jeong-hyang. Mtoto mtundu wa mjini anaachwa kwa bibi yake asiyeweza kusema, kijiji cha milimani huko Yeongdong. Mama aliyecheza bibi hakuwa mwigizaji. Alikuwa mkazi wa huko huko. Mgongo wake ulivyopinda na njia ya mlimani anayopanda na fimbo, huwezi kutenganisha kimoja na kingine. Kuna pale mtoto anataka kuku wa kukaanga wa mjini, bibi anatoka na mvua, anarudi na kuku hai, anamchemsha. Mtoto analia kwa hasira. Mimi nililia kwa sababu nyingine.

Watazamaji walipita milioni 4. Kilichofuata ni wageni kumiminika kijijini, waandishi wa habari, wenye tamaa zao, mpaka yule mama akalazimika kuhama nyumba yake. Ikaja Old Partner, filamu ya kumbukumbu iliyotoka kwenye kumbi 2009, ya mkulima mzee wa Bonghwa na ng'ombe wake wa miaka 40. Ilitazamwa na karibu watu milioni 3. Nako wageni walienda kubisha hodi kwa wazee wale bila mwaliko.

Kwa hiyo mleta mada, ardhi kuwa "shahidi" ni maneno mazuri, lakini shahidi huwa analindwa. Mwongozaji akipata tuzo, nani anabaki na mlango unaogongwa usiku na mchana? Mimi nasema jina la kijiji lisitajwe, na mkataba na wanakijiji uwepo kabla kamera haijawashwa.

MDAU WA DOHA

Dada, hapo kwenye jina sikubaliani nawe. Sehemu nyingine zinataka kutajwa. Seopyeonje ya Im Kwon-taek (1993) ina shoti moja ndefu isiyokatwa, dakika tano na ushee, baba na watoto wawili wanashuka njia ya vumbi kati ya kuta za mawe wakiimba Arirang ya Jindo, wimbo wa kienyeji wa Kikorea. Wanaanza wakiwa wadogo kabisa kwa mbali, wanaishia wakicheza mbele ya kamera. Pale ni kisiwa cha Cheongsando. Hadi leo watu wanakwenda kupita njia ile, na kisiwa kinaishi kwa sehemu kwa jina hilo. Na ndugu yangu wa Mombasa, hiyo haikutengenezewa mgeni. Ndiyo sinema ya kwanza ya Kikorea kuuza tiketi zaidi ya milioni moja Seoul peke yake. Wakorea wenyewe ndio waliojaa.

MDAU WA UBUNGO

Mnasahau mji. Parasite (2019): mvua ile ile moja. Juu mlimani kwa tajiri ni burudani, mtoto analala kwenye hema bustanini. Chini kwenye nyumba za nusu ardhini, maji machafu yanafika kifuani. Kesho yake mama tajiri anashukuru mvua imesafisha hewa. Mandhari ya Korea ninayoiamini mimi ni mteremko na ngazi.

MDAU WA TABATA

Swali dogo kwa wote: mmeziona hizi sinema kwa sauti yake au kwa sauti ya DJ wetu? Nauliza kwa sababu nawapenda maDJ wanaotafsiri, lakini DJ hawezi kukaa kimya. Sasa kuna One Fine Spring Day (2001) ya Hur Jin-ho. Shujaa wake ni fundi wa kurekodi sauti, anasimama na maikrofoni kwenye msitu wa mianzi kusikiliza upepo. Ukimwekea DJ pale, sinema imekwisha. Nina shaka nusu ya tunaosema mandhari ni pambo hatujawahi kuyasikia.

MLETA MADA

Wa Tabata, umegusa penyewe. Tazameni bila DJ.

Wa Mombasa, Kim nakuachia. Nilimleta kwa ajili ya watazamaji wake, siyo kumtetea. Ila jibu lako halifiki kwa Jiseul ya O Muel, mzaliwa wa kisiwa cha Jeju, iliyoshinda tuzo kwenye tamasha la Sundance, Marekani, 2013. Jeju leo watu wanakwenda fungate. Kuanzia 1948 hadi miaka ya hamsini, watu wanaokadiriwa kati ya 25,000 na 30,000 waliuawa huko, wengi wao na wanajeshi na polisi, na kwa miongo kadhaa kulitaja jambo hilo hadharani kulikuwa hatari. Sinema ni nyeusi na nyeupe, theluji tupu, na wanakijiji wamejibana pangoni wanabishana nani atamlisha nguruwe aliyebaki nyumbani. Kadi ya posta gani hiyo?

Na Burning ya Lee Chang-dong (2018): nyumba iko Paju, karibu na mpaka, unasikia vipaza sauti vya propaganda vya Kaskazini. Jua linazama, msichana anacheza peke yake, ni pazuri mno, na muda si mrefu kijana mwenye gari la kifahari anasimulia anavyopenda kuchoma vitalu nyumba vya watu. Kuanzia hapo kila kitalu kinachopita kwenye fremu unakikagua.

Dada wa Morogoro, la mkataba nakuunga mkono. La jina sikuungi. Hwaseong sasa ina viwanda na maghorofa ya mji mpya wa Dongtan. Sinema isingeitaja ile kesi, nani angelikumbuka shamba?

MDAU WA MOROGORO

Familia za wale wanawake 10 zingekumbuka, kaka, sinema iwepo isiwepo. Nijibu kwanza la yule bibi: alilipwa vipi mlango wake, au nalo ni ushahidi?