Wiki 41, njia sentimita 2: nianzishiwe uchungu?

Mjamzito, Igoma:
Wapendwa, mimba yangu ya kwanza leo imetimiza wiki 41. Jana nilipimwa, mlango wa kizazi umefunguka sentimita 2 na bado mgumu. Kesho nalazwa nianzishiwe uchungu. Sasa mama mkwe kaja na meli kutoka Nansio, kafunga kichupa cha dawa ya mizizi kwenye pindo la kanga. Anasema nikinywa nitajifungua kabla jua halijazama. Nampenda, sitaki kumuumiza, ila naogopa.

Mkunga, Kirumba:
Mdogo wangu, hicho kichupa usikiguse! Dawa hizo hukamua mfuko wa uzazi bila kipimo. Nimempokea mama ambaye kizazi kilipasuka akiwa njiani. Sentimita 2 isikutishe. Mlango mgumu hulainishwa kwanza: vidonge vya misoprostoli vya kumeza, mikrogramu 25 kila baada ya saa 2, au puto la mpira linalowekwa hapo mlangoni na kujazwa maji. Dripu ya oksitosini, dawa ya kuleta uchungu, hufuata, huku mapigo ya mtoto yakisikilizwa. Kasi huja kuanzia sentimita 5. Kusukuma ni 10.

Mama wa wawili, Buhongwa:
Mimi waliniwekea puto usiku, likadondoka lenyewe alfajiri, njia ishafika 4. Uchungu wa dripu ni mkali, sikufichi. Wenye kovu la upasuaji mnaosoma hapa, semeni mapema, vidonge hivyo haviwafai.

Mjamzito, Igoma:
Asanteni. Nimemwomba mama anishike mkono wodini. Kakubali, yuko jikoni anakoroga uji wa kubeba.