Gamrekeli au Varazi: klabu yetu imzungumzie nani?

MwanaSeti: Wakuu, klabu yetu ina nafasi ya filamu moja ya Georgia, ile ya Tbilisi, kisha mjadala kuhusu aliyebuni mandhari yake. Nimebaki na mbili: *Chemi Bebia* (1929), filamu bubu aliyoshiriki kuibunia mandhari Irakli Gamrekeli, na *Pirosmani* (1969) ya Avtandil Varazi. Nichukue ipi?

Binti_Pwani: Hujasema watazamaji ni akina nani. Ukumbi una spika? Muda je?

FundiRangi: Varazi. Alikuwa mchoraji, akabuni mandhari ya filamu hii na humohumo akacheza Niko Pirosmani mwenyewe. Mchoraji anamwigiza mchoraji ndani ya vyumba alivyovipanga! Pirosmani aliishi kwa kuchora mabango ya vilabu vya pombe Tbilisi, na filamu imefuata mkono wake: ukuta mtupu, vitu vichache, watu wametukabili. Ukiona lile duka la maziwa na mabango yake ya ng'ombe, utajua seti nzuri haihitaji mamilioni.

Mzee_Bubu: Gamrekeli msimruke. Alilelewa na jukwaa, akawabunia mandhari waongozaji wa tamthilia Marjanishvili na Akhmeteli. Ndani ya *Chemi Bebia* ofisi yenyewe inawasema wale makarani kabla hawajainua kalamu. Ndiyo maana Wasovieti waliifungia miaka mingi.

Binti_Pwani: Filamu bubu naziogopa. Kuna onyesho moja waandaaji walituahidi mpiga kinanda, hakutokea. Fundi mitambo akaunganisha simu yake, zikapigwa nyimbo za harusi, na kila wimbo ukiisha linaingia tangazo. Tukio la msiba likaangukia kwenye chakacha, watu wakaanza kupiga makofi. Nusu ya ukumbi wakaondoka. Mgeni aliyekuja kueleza seti akazungumza na safu mbili za mbele, na alikuwa amejiandaa vizuri mno. Iliniuma sana. MwanaSeti, muziki anapiga nani?

Kaskazini88: Na mwongozaji Parajanov mnamwacha? Filamu yake *Ngome ya Suram*, 1985!

Mzee_Bubu: Parajanov ni Mwarmenia.

Kaskazini88: Mwarmenia mzaliwa wa Tbilisi, 1924. Filamu ni ya Kigeorgia, na aliiongoza pamoja na Dodo Abashidze. Unataka nini tena?

FundiRangi: Hapa tunatafuta mbunifu, si mwongozaji.

Kaskazini88: Kwa Parajanov huwezi kuzitenga hizo kazi mbili. Alitengeneza kolaji, yaani picha za vipande vilivyobandikwa, kwa mikono yake hata akiwa gerezani.

MwanaSeti: Wengi ni vijana wanaojenga seti za tamthilia. Spika ipo, mpiga muziki hatuna. Ukumbi tunao kwa saa mbili.

Binti_Pwani: Basi *Pirosmani*, na mtabaki na muda wa maswali.

Mzee_Bubu: Vijana wa seti ndio hasa wanaomhitaji Gamrekeli! Muziki utafutwe, mpiga zeze mmoja anatosha.

FundiRangi: Zeze kwa filamu ya Kigeorgia, Mzee?

Mzee_Bubu: Kwa nini isiwe zeze? Filamu bubu hupigiwa muziki wa pale inapoonyeshwa.

Kaskazini88: Mwenye *Suram* yenye tafsiri chini ya picha aniambie, naihitaji mwezi huu.