Ushauri: skana imesasishwa lakini haifungui ABS wala gia boksi

Muulizaji: Habari za kazi wakuu. Natumia skana ya kuunganisha na kompyuta mpakato. Nimeweka toleo jipya la programu, sasa inafungua injini tu. Kompyuta za ABS (mfumo wa breki unaozuia magurudumu kujifunga) na gia boksi zinaleta "hakuna mawasiliano". Injini ina kodi za hitilafu U0121 na U0101. Nirudishe toleo la zamani?

Fundi Umeme: Usirudishe kwanza, mkuu. Kuna vitu vitatu vya kusasisha: programu ya kompyuta, data za magari, na programu ya ndani ya kile kisanduku kinachochomekwa kwenye plagi ya OBD (plagi ya gari ya kupimia hitilafu). Wengi huishia cha kwanza. Nenda kwenye mipangilio uone kama toleo la kisanduku linaendana na la programu. Ukilisasisha, tumia waya wa USB, si bluetooth. Kompyuta iwe kwenye chaji na uzime ile hali ya kulala. Umeme ukikatika katikati, kisanduku kinaweza kufa kabisa.

Halafu kama gari linatumia CAN FD (aina mpya, ya kasi zaidi, ya CAN, mtandao wa nyaya unaounganisha kompyuta za gari) na kisanduku hakina uwezo huo, hakuna toleo la programu litakalosaidia.

Mzee wa Waya: Nakubaliana, ila zitazame hizo kodi. U0121 maana yake kompyuta ya injini imepoteza mawasiliano na ABS. U0101, na gia boksi. Anayelalamika ni gari lenyewe, si skana. Kama si kodi za zamani zilizobaki kwenye kumbukumbu, huenda tatizo ni waya. Toa terminali hasi ya betri, subiri dakika chache, weka multimita kwenye omu, pima kati ya pini ya 6 na ya 14 za plagi ya OBD, ndizo nyaya mbili za CAN. Inatakiwa karibu 60, maana rezista mbili za omu 120, moja kila mwisho wa mtandao, zimeungwa sambamba. Ikikaribia 0, nyaya zimegusana. Gari lenye geti (kompyuta inayopitisha mawasiliano) kati ya plagi na mtandao, pima nyuma ya geti, la sivyo kipimo kitakudanganya.

Muulizaji: Asante mzee. Halina geti. Inasoma 119.

Mzee wa Waya: Basi rezista moja haionekani: waya umekatika au soketi imeachia. Usianze na fyuzi. Kompyuta ikikosa umeme tu, rezista yake bado inasomeka. Anza na soketi ya ABS, iko kwenye maji na matope. Angalia pini zenye kutu ya kijani au iliyorudi nyuma, isiyolingana na wenzake. Ukiunga waya, lehemu, kisha uusokote tena na mwenzake karibu kabisa na kiungo.

Fundi Umeme: Na usirudishe betri kabla kipimo hakijafika 60. Ikifika, skani gari zima, hifadhi ripoti, ndipo ufute kodi. Liendeshe kidogo, skani tena.